Mrushaji Hahitaji Mlima

Mwezi Agosti 2015 timu ya Kenya iliondoka Beijing ikiwa kileleni mwa jedwali la medali za Mashindano ya Riadha ya Dunia, jambo ambalo halikuwa limewahi kutokea. Dhahabu zilikuwa saba. David Rudisha alishinda mita 800, Asbel Kiprop mita 1,500, Vivian Cheruiyot mita 10,000, Ezekiel Kemboi na Hyvin Kiyeng mbio za kuruka viunzi na maji, naye Nicholas Bett mita 400 kuruka viunzi. Hizo sita zililetwa na miguu. Ya saba ilitoka begani mwa askari polisi wa Nandi, mtu wa kimo cha mita 1.75, ambaye kwa miaka kadhaa alijifundisha kazi yake mwenyewe.

Julius Yego alirusha mkuki ule katika raundi ya tatu. Alikimbia, akapinda kiwiliwili nyuma, akakita mguu wa kushoto, akauachilia, kisha akaanguka kifudifudi kwenye tatani kama ilivyo desturi yake. Alipoinua kichwa mkuki ulikuwa bado unaelea. Ulichoma nyasi kwenye mita 92.72. Ihab Abdelrahman wa Misri alikuwa wa pili kwa mita 88.99 na Tero Pitkämäki wa Ufini wa tatu kwa 87.64. Hadi siku hiyo, tangu mkuki wa wanaume ubadilishwe muundo mwaka 1986, ni watu wawili tu waliokuwa wameurusha mbali zaidi yake: Jan Železný wa Ucheki na Aki Parviainen wa Ufini.

Kwa msomaji wa Likoni, Kisauni au Changamwe, habari hii ina jambo moja ambalo halisemwi sana. Tangu utotoni mtu wa Pwani huambiwa kwamba riadha ya Kenya ina kwao, na kwao ni Iten, Kapsabet na Eldoret, kule juu hewa ilikopungua. Kwa mbio ndefu maneno hayo yana ukweli wake: mwili uliozoea oksijeni kidogo huteremka bondeni ukiwa na akiba. Lakini kurusha mkuki au kisahani ni kazi ya sekunde chache. Misuli inayofanya kazi hiyo hutumia nguvu iliyokwisha hifadhiwa ndani yake, haingoji pumzi. Yego alizaliwa mlimani, ila mlima haukumsaidia chochote katika kurusha. Kilichomfikisha Beijing ni vitu vingine, na vingi kati yake vinaweza kupatikana hata ng'ambo ya feri.

Alizaliwa Januari 4, 1989, katika nchi ya Wanandi. Yeye na kaka yake walichonga vijiti na kushindana nani atatupa mbali, mchezo ambao mtoto yeyote wa kijijini anaujua. Wenzake walipochagua mbio, yeye alibaki na vijiti vyake, na baadaye mkuki. Tatizo lilikuwa mwalimu. Kenya ilikuwa na makocha wa mbio wa kutosha kuazima nchi jirani, lakini wa mkuki walikuwa wa kutafuta kwa tochi. Basi Yego akaingia saiba, akalipia muda wake, akafungua YouTube na kuwatazama mabingwa wawili: Železný, aliyeshinda dhahabu tatu za Olimpiki, na Andreas Thorkildsen wa Norwei, aliyeshinda mbili. Alitazama, akarudia, akatoka kwenda uwanjani kujaribu. Jina la utani la "Bwana YouTube" lilimpata hapo, na halijamtoka.

Mtu anaweza kuuliza: video inaweza kumfundisha nini mrushaji? Asiyejua hudhani nguvu iko mkononi. Kwa kweli mkono ndio wa mwisho kufanya kazi. Mrushaji hukimbia hatua kadhaa akitazama mbele, kisha hugeuka ubavu na kupiga hatua za kupishanisha miguu huku mkuki ukiwa nyuma kabisa, mkono umenyooka. Mwisho hukita mguu wa mbele, goti likiwa gumu. Hapo mwili wa chini husimama ghafla, na ile kasi ya mbio, kwa kuwa haina pa kwenda, hupanda nyongani, kifuani, begani, kiwikoni, mpaka kwenye vidole. Mkuki wa wanaume una uzito wa gramu 800, na kwa bingwa hutoka mkononi kwa kasi inayozidi kilomita 100 kwa saa. Goti likilegea kidogo tu, mita kumi zinapotea. Hilo goti linaonekana wazi kwenye video, hasa ikipunguzwa kasi.

Mwaka 2010 Nairobi iliandaa mashindano ya riadha ya Afrika, na Yego akapata shaba mbele ya watu wa kwao. Mwaka uliofuata, huko Maputo, alitwaa dhahabu ya Michezo ya Afrika kwa mita 78.34. Ushindi huo ndio uliomfungulia mlango wa Kuortane, kituo cha mazoezi nchini Ufini, ambako shirikisho la riadha la dunia lilimlipia masomo ya urushaji. Ufini ni nchi ya mkuki kama Kenya ilivyo nchi ya mbio. Huko alimkuta kocha Petteri Piironen, chumba cha vyuma chenye kila kitu, na ukumbi wa kurushia ndani wakati wa theluji. Abdelrahman naye alipitia mikononi mwa Piironen, kwa hiyo dhahabu na fedha ya Beijing zilikwenda kwa Waafrika wawili waliosomea chini ya paa moja.

Kuanzia hapo umbali ulipanda mwaka hadi mwaka. Katika Olimpiki ya London 2012 alirusha mita 81.81 kwenye mchujo, akaingia fainali na kumaliza wa kumi na mbili. Moscow 2013 alirusha 85.40 na kushika nafasi ya tatu mpaka raundi ya mwisho, Mrusi Dmitri Tarabin alipompokonya shaba mbele ya mashabiki wa nyumbani kwake. Glasgow 2014 alitwaa dhahabu ya Jumuiya ya Madola. Juni 2015, mjini Birmingham, alivuka mita 90 kwa kurusha 91.39. Kufika Beijing alikuwa mtu wa kuogopwa.

Ili kuona jinsi safari hii ilivyokuwa ya ajabu, inafaa kutazama upande wa pili, nchi ambako warushaji hutengenezwa kwa mpango. Ujerumani ndiyo hiyo.

Robert Harting alizaliwa Cottbus, mashariki mwa Ujerumani, Oktoba 1984. Alikua mpaka akafika mita 2.01, akarusha kisahani, na akawa bingwa wa dunia mara tatu mfululizo: Berlin 2009, Daegu 2011 na Moscow 2013. Pale Berlin alikuwa nyuma ya Mpolandi Piotr Małachowski hadi raundi ya sita, akarusha 69.43 na kumpita. London 2012 alishinda dhahabu ya Olimpiki kwa mita 68.27, sentimita tisa tu mbele ya Ehsan Hadadi wa Irani. Akaichana fulana yake kifuani kama alivyozoea kufanya akishinda, akajifunga bendera, kisha akaona viunzi vya mbio za wanawake za mita 100 vimepangwa njiani, akavikimbilia na kuviruka na mwili wake wote ule. Uwanja mzima ulisimama kumshangilia.

Miaka minne baadaye, Rio de Janeiro, mgongo ulimkamata muda mfupi kabla ya mchujo. Mwenyewe alieleza kwamba alikuwa kitandani akajaribu kuzima taa kwa mguu. Bingwa mtetezi akatolewa. Dhahabu ikachukuliwa na mdogo wake, Christoph Harting, kwa mita 68.37 katika jaribio la mwisho. Familia moja, dhahabu mbili za Olimpiki mfululizo. Robert alistaafu mwaka 2018 mjini Berlin.

Nyuma ya akina Harting kuna vilabu vya michezo vya mitaani, vyenye makocha, maduara ya kurushia na nyavu zake, ambako mtoto hujiunga akiwa bado shule ya msingi. Kuna pia historia ndefu yenye kivuli. Jürgen Schult wa Ujerumani Mashariki alirusha kisahani mita 74.08 mjini Neubrandenburg mwaka 1986, rekodi iliyokaa karibu miaka 38. Mwenzake Gabriele Reinsch alirusha kisahani cha wanawake mita 76.80 mjini humohumo mwaka 1988, na rekodi hiyo haijavunjwa hadi leo. Baada ya ukuta wa Berlin kuanguka, nyaraka zilionyesha kwamba serikali ya Ujerumani Mashariki iliendesha mpango wa siri wa kuwapa wanamichezo dawa za kuongeza nguvu, wengine wakiwa watoto wasiojua wanachomeza. Ndiyo maana rekodi za enzi ile hutazamwa kwa jicho la shaka.

Mkuki nao una alama ya Wajerumani. Mwaka 1984 Uwe Hohn aliurusha mita 104.80 mjini Berlin, na wakuu wa riadha wakaona siku si nyingi mtu atautoa nje ya uwanja. Wakausogeza uzito wake mbele kidogo ili ncha iiname mapema, na rekodi zikaanza upya. Rekodi inayotumika sasa, mita 98.48 ya Železný, iliwekwa mwaka 1996 mjini Jena, Ujerumani.

Na ni Jena iliyomtoa Thomas Röhler, mtu aliyemnyima Yego dhahabu ya Olimpiki. Rio 2016 ilianza vibaya kwa Mkenya huyo. Alifika uwanja wa ndege wa Jomo Kenyatta akakuta hana tiketi, na ilibidi vurugu za simu ndipo asafiri. Hata hivyo alipofika fainali, jaribio lake la kwanza lilikwenda mita 88.24 na likaongoza raundi baada ya raundi. Kisha akaumia, hakuweza tena kurusha. Alibaki kutazama. Katika raundi ya tano Röhler akarusha 90.30. Fedha ile ilikuwa medali ya kwanza ya Olimpiki ya Kenya nje ya mbio katika riadha.

Tangu hapo majeraha na umri havikumwacha, lakini hakuondoka. Alishinda ubingwa wa Afrika wa mwaka 2024, wa tano kwake. Miezi michache baadaye, akiwa na miaka 35, aliingia fainali ya Olimpiki ya Paris na kurusha mita 87.72. Umbali huo ungempa dhahabu London mwaka 2012, ambako Keshorn Walcott alishinda kwa 84.58. Paris ulimpa nafasi ya tano, maana Arshad Nadeem wa Pakistani alirusha 92.97.

Sasa turudi Pwani, tena kwa kisahani, kwa sababu kisahani kina urafiki na kitu ambacho Mombasa inacho bila kulipia: upepo.

Kisahani cha wanaume kina uzito wa kilo 2, cha wanawake kilo 1. Mrushaji huanza ameupa mgongo uwanja, huzunguka mara moja na nusu ndani ya duara la kipenyo cha mita 2.5, na hukiachilia kikiwa kinajizungusha bapa. Mara kikitoka, hewa inayopita chini yake hukibeba. Hapo ndipo kisahani hufanana na tanga la ngalawa: upepo ukikipata kwa pembe nzuri, unakiinua badala ya kukizuia. Mwanariadha wa mbio fupi huomba upepo wa nyuma, mrushaji wa kisahani huomba wa mbele. Wanaotumia mkono wa kulia hupendelea utokee mbele upande wa kulia. Upepo wa nyuma hukibwaga chini mapema.

Hilo limethibitishwa hivi karibuni kwa namna ya wazi. Aprili 2024 Mykolas Alekna, kijana wa Lituania ambaye baba yake Virgilijus alishinda dhahabu mbili za Olimpiki katika kisahani, aliivunja rekodi ya Schult kwa kurusha mita 74.35. Mwaka mmoja baadaye akaongeza ikafika 75.56. Mara zote mbili hakuwa kwenye uwanja mkubwa wenye majukwaa. Alikuwa Ramona, mji mdogo wa Oklahoma nchini Marekani, mahali palipo wazi ambapo upepo huvuma kwa nguvu. Warushaji husafiri kutoka mbali kwenda kuutafuta.

Tena hewa ya usawa wa bahari ni nzito kuliko ya mlimani, na hewa nzito hukibeba kisahani vizuri zaidi. Kwa mchezo huu Eldoret, iliyo kwenye mita 2,100 hivi, ndiyo yenye upungufu kidogo, na Likoni ndiyo yenye faida.

Pwani si ngeni kwa michezo ya nguvu za ghafla. Mkenya wa kwanza kutwaa dhahabu ya Jumuiya ya Madola hakutoka Bonde la Ufa. Alikuwa Seraphino Antao, mtoto wa Mombasa mwenye asili ya Goa, aliyeshinda yadi 100 na yadi 220 mjini Perth mwaka 1962, kisha akabeba bendera ya Kenya katika Olimpiki ya Tokyo 1964. Mbio fupi na urushaji ni ndugu wa karibu: vyote vinadai mwili ulipuke mara moja kisha utulie.

Na jirani zetu Watanzania walimjua mrushaji wao zamani: Zakayo Malekwa aliiwakilisha nchi yake katika mkuki kwenye Olimpiki ya 1980 na zilizofuata, miaka mingi kabla mtu hajamsikia Yego.

Mazoezi yenyewe yapo mtaani. Pita jioni Mtopanga, Mtongwe au Magongo utakuta jimu chini ya mabati: ekseli ya gari kuukuu iliyomiminiwa saruji kwenye mikebe ya rangi pande zote mbili, benchi la mbao, na vijana wanapokezana. Wengine hushuka ufuo wa Jomo Kenyatta, ambao watu wengi huuita Pirates, wakakimbia na kuruka mchangani maji yakipwa. Nguvu ipo. Vijana hao huipeleka kwenye mpira, kwenye ndondi, au kwenye kutunisha kifua tu. Mchezo wa kurusha wanakutana nao siku ya mashindano ya shule, pale mwalimu anapouliza nani ana mwili, ajitokeze abebe tufe.

Hapo ndipo palipo na kasoro. Kisahani na mkuki haviwezi kuchezwa kwa kubahatisha, na si kwa sababu ya medali pekee. Mwaka 2012 mjini Düsseldorf, Ujerumani, nchi yenye uzoefu wote huo, mwamuzi aliyekwenda kupima umbali alichomwa na mkuki shingoni akafa. Kisahani kikimponyoka mrushaji katikati ya mzunguko kinaweza kuruka upande wowote. Kwa hiyo duara huzungushiwa wavu mrefu wenye umbo la U, hakuna anayevuka mstari mpaka chombo kimetua, na mazoezi ya kurusha hayachanganywi na mpira kwenye kiwanja kimoja saa ileile. Katika shule nyingi za mjini zenye kiwanja kimoja cha vumbi, sharti hilo la mwisho ndilo gumu.

Gharama nyingine si kubwa kama watu wanavyofikiri. Kisahani cha mazoezi ni cha mbao chenye ukingo wa chuma, na kikitunzwa hukaa miaka. Wavulana walio chini ya miaka 18 hutumia cha kilo 1.5, wasichana cha kilo 1. Mkuki halisi ni ghali zaidi na huagizwa nje, ndiyo maana wanafunzi huanza na fito za mianzi au mipira yenye uzito, wakijifunza kwanza lile goti la mbele. Kitu kilichompa Yego shida, yaani kuwaona mabingwa, kimekuwa rahisi kabisa: saiba ya wakati ule leo iko mfukoni mwa karibu kila kijana wa Bombolulu, na mwalimu anaweza kumrekodi mwanafunzi, akamwonyesha kosa lake palepale kabla hajarusha tena.

Mashindano ya riadha ya shule za sekondari huangukia muhula wa kwanza, wakati kaskazi ingali inavuma kutoka kaskazini mashariki. Shule ya Likoni au Kisauni inayotaka kuanza ingehitaji zege la duara la mita 2.5, waya wa wavu, nguzo ambazo fundi wa kuchomelea wa Changamwe anaweza kuzisimamisha kwa siku moja, na dira. Duara lielekezwe kaskazini, ili upepo wa Januari na Februari umpate mrushaji wa mkono wa kulia usoni, upande wa kulia.